Aliyeng'ata Mikia Bandani kwa Mama Kulwa

Haipiti wiki bila mmoja wenu kunipigia simu. "Shikamoo, bibi." Marahaba. "Bibi, nguruwe wangu wadogo wanaumana mikia, niwape dawa gani?" Basi, hata hali yangu hamniulizi, mnataka dawa tu, kama vile mimi ni duka la pembejeo. Nikikuuliza wanaumana saa ngapi, hujui. Nikikuuliza anayeanza ni nani, unasema wote. Nikikuuliza wanalala wapi, unanijibu bandani. Mjukuu wangu, bandani najua. Upande gani wa banda?

Kwa hiyo nimeamua kuandika, ili siku masikio yangu yakichoka na simu muwe na pa kusoma. Msitegemee maneno ya darasani, sikusomea mifugo. Nilizaliwa Kagera kwenye migomba, nikaja Mwanza kwa kuolewa, na miaka yangu mingi ya kazi ilipita Buswelu, kwenye mabanda ya Mama Kulwa, nikitunza watoto wa nguruwe walioachishwa kunyonya. Mama zao walikuwa na mtu wao. Mimi nilipokea watoto siku wanapotengwa na mama, nikakaa nao mpaka wawe wakubwa wa kuuzwa. Huo ndio umri wao wa ukorofi kuliko yote, na sijui kwa nini niliupenda, lakini niliupenda.

Kitu cha kwanza nilijifunza kwa magoti. Nyinyi mkiingia bandani mnasimama wima, mnavuta pumzi mara moja, mnasema harufu si mbaya. Harufu ya huko juu kichwani kwako haimhusu mtoto wa nguruwe. Chuchumaa mpaka pua yako ifike usawa wa pua yake, ukae hapo mpaka miguu ife ganzi. Kama macho yanaanza kuwasha na koo linakwaruza, ujue na yeye anawashwa, ila yeye hana mlango wa kutokea. Kiumbe anayewashwa mchana kutwa hana subira na mwenzake. Fagia, mwaga maji, weka pumba za mpunga chini, halafu ndiyo unipigie simu.

Cha pili ni mikia yenyewe. Mkia uliojikunja juu ni wa mtoto aliye na amani zake. Mkia ulioshuka na kubanwa katikati ya miguu ni wa mtoto ambaye ama ameumwa ama anajua ataumwa. Mimi nikishamwaga chakula nilikuwa nawatazama kwa nyuma, si kwa mbele, na Sospeter hakuchoka kunicheka. "Mama Koku, wenzako wanaangalia sura, wewe unaangalia makalio!"

Huyo Sospeter alikuwa mtu wa chakula pale bandani. Mkerewe, mrefu, mwenye maneno mengi kuliko kazi, ingawa kazi nayo aliifanya. Yeye ndiye aliyechanganya pumba za mahindi na mashudu ya alizeti, akapeleka kila chumba. Tuligombana karibu kila siku: ndoo yangu umeweka wapi, mbona umeacha mlango wazi, mbona unapiga mluzi watoto wangu wamelala. Lakini mkeke wa chakula cha mchana tulikaa mmoja.

Ngoja niwape kituko cha manukato, maana najua mmoja wenu atafanya vile vile. Ukichanganya watoto wa mama wawili katika chumba kimoja lazima wapigane, kwa sababu kila kundi linanusa kundi lingine na kuona wageni. Mama Kulwa alisikia mahali kwamba ukiwapaka wote harufu moja hawatatambuana. Akaingia ndani, akatoka na chupa ya manukato ya harusini, akawanyunyizia wote mpaka banda likanukia kama saluni. Walitulia kwa muda wa kushangaa tu. Halafu wakapigana huku wananukia vizuri. Kilichokuja kutusaidia ni kitu kisicho na gharama: kuwaingiza wote jioni, jua likiwa limepoa, katika chumba kisicho cha huyu wala cha yule, na chini tumeshatupa kitu cha kuchezea. Mgeni na mgeni wakikutana pasipo na mwenyeji, ugomvi unakuwa mfupi.

Sasa hicho cha kuchezea. Nguruwe ana pua ambayo inataka kazi. Banda likiwa la saruji tupu, pua haina kazi, na ikikosa kazi inaenda kwa jirani: kwanza inasukuma tumbo, kisha inashika sikio, kisha mkia. Huku kwetu ziwani watu hukimbilia nyavu chakavu, kwa kuwa zimejaa kila mahali na hakuna anayezitaka. Na sisi tulizifunga ukutani, wakatafuna wakafurahi kweli, mpaka mmoja akaacha kula, tumbo likajaa, akafa. Tulipompasua tulikuta nyuzi za nailoni zimejisokota ndani kama uzi kwenye bobini ya fundi cherehani. Hatukurudia. Nikatumia akili ya nyumbani: kipande cha mgomba. Uvunje mgomba, utupe kipande kirefu katikati ya chumba, uone. Wataupasua tabaka kwa tabaka, watauburuta, watagombania nyuzi zake, na jioni hakuna kilichobaki wala aliyeumwa. Wasukuma walinishangaa, kwamba huyu Mhaya sasa anawalisha nguruwe migomba. Nikawaambia hawali, wanafanya kazi.

Haya yote mnaweza kuyafanya na bado wakaumana. Hapo ndipo penye utamu wa kazi hii, na hapo ndipo nataka mnisikilize vizuri.

Buswelu ya wakati huo ilikuwa inajaa. Viwanja vilipimwa, nyumba zikaota kila upande wa mabanda yetu, na Mama Kulwa hakuwa na pa kutanukia. Nguruwe jike hawajui habari za viwanja, wao wanazaa. Ikafika mahali chumba changu kimoja kinabeba watoto wa mama watatu kwa pamoja. Wakati wa kulala walilaliana, wakati wa joto la mabati walihemea juu ya wenzao.

Katikati ya msongamano huo Sospeter akaja na wazo. Alikuwa ametoka Kirumba, sokoni Mwaloni, akaona dagaa waliovunjika vunjika wanaofagiliwa pembeni kwa kuwa hawauziki. Akaomba, akapewa, akaja na kiroba begani huku anapiga mluzi. Alichekecha mchanga, akachemsha dagaa, ile supu akaikorogea pumba badala ya kuwapa pumba kavu kama zamani. Ukawa uji mzito unaonukia mpaka majirani wakachungulia. Watoto wa nguruwe waliupenda uji ule jinsi sijawahi kuona. Manyoya yaling'aa. Nilimwambia Sospeter safari hii umefanya jambo la maana, naye akataka nirudie mbele ya Mama Kulwa.

Haukupita muda mikia ikaanza.

Kwanza alama ya meno tu, kidogo. Kisha damu. Kisha mtoto mmoja mweupe, mnene, aliyeumwa mpaka mkia ukabaki kishina, usaha ukapanda mgongoni, miguu ya nyuma ikakataa kusimama. Nilimtenga, nikamwosha kwa maji ya chumvi, nikampaka ile dawa ya zambarau. Nikambeba mikononi, akafia mikononi. Nililia, sitawaficha. Mtu akiwaambia kwamba mfugaji hamlilii mnyama wa kuchinjwa, huyo hajafuga.

Mama Kulwa alikuwa mjane, na mabanda yale ndiyo yaliyokuwa mkono wake wa kulia. Aliposikia habari za damu hakuhitaji kutafakari. "Ni dagaa. Wameonja samaki, sasa wanatafuta nyama." Na kila aliyesikia alikubali, kuanzia majirani hadi yule aliyetunza madume. Ilisikika kuwa kweli. Hata Sospeter mwenyewe alikubali, akanywea, mluzi ukakoma.

Mimi nilikuwa na swali. Wale nguruwe wakubwa wa chumba cha pili walikula uji ule ule wa dagaa ule ule, na mikia yao ilikuwa imejikunja juu bila jeraha. Mbona wao samaki hakuwapanda kichwani? Nilimuuliza Mama Kulwa. Akasema wakubwa wana akili. Nikanyamaza, maana akili ya nguruwe mkubwa nami nilikuwa naijua.

Dagaa wakasimamishwa. Uji ukaendelea kukorogwa kwa maji matupu, na mikia ikaendelea kuumwa, tena zaidi. Mama Kulwa akasema ladha imeshawakaa. Akatoa maamuzi mawili asubuhi moja, amesimama mlangoni kwa chumba changu na kitenge chake cha kazi. La kwanza lilimhusu mtoto mmoja mdogo mwenye baka jeusi jichoni. Tulimwita Askari, kwa jinsi alivyozoea kuzunguka nyuma ya wenzake kama anakagua. Mama Kulwa alikuwa amemwona kwa macho yake anauma. Huyo achinjwe Jumapili. La pili lilimhusu Sospeter.

"Sospeter, wewe umenisaidia sana, lakini hili umeniletea wewe. Ikifika Jumamosi ufungashe, urudi kwenu."

"Sawa, mama," Sospeter akasema. Yeye wa maneno yote yale!

Alikuwa na mke Ukerewe, mjamzito. Chumba alichopewa pale shambani ndicho alichokuwa anakipaka chokaa ili amlete ajifungulie Mwanza, karibu na hospitali. Mchana ule tulipokaa kwenye mkeke hakula. Nilimkasirikia kwa kutojitetea, nikamkasirikia Mama Kulwa kwa kuwa na uhakika, na nikajikasirikia mwenyewe kwa kuwa na swali bila jibu.

Sasa nawaambia aliyenifundisha kutafuta jibu. Alikuwa binti mdogo kuliko mwanangu wa mwisho. Daktari Neema, afisa mifugo wetu, alipita siku hiyo kutazama jike mmoja mwenye homa. Aliosha buti zake kwenye maji ya dawa mlangoni, kama sheria inavyotaka, na baada ya kumaliza nikamwambia habari za mikia. Nilitegemea aniandikie sindano. Akaniuliza, "Mama, huwa mnawaangalia saa ngapi?"

"Tukisikia kelele."

"Mkisikia kelele mmeshachelewa. Anayepiga kelele ni aliyeumwa, naye hana cha kuwaambia. Ingia kabla ya chakula. Chagua mmoja tu, mfuate kwa macho mpaka chakula kiishe. Usimwangalie mwingine hata akilia vipi."

"Nimchague yupi?"

"Huyo mnayetaka kumchinja."

Nilifanya hivyo mlo uliofuata. Niwaambie ukweli, ni kazi ngumu kuliko kubeba ndoo. Macho yanataka kukimbilia kelele. Nilisimama ukutani, Sospeter akamwaga uji, chumba kizima kikalipuka, nami nikamshika Askari kwa macho nikamng'ang'ania.

Askari alikimbilia ncha ya kihori chao cha kulia, ile ya upande wa mlango. Akaingiza pua, akailamba, akaitoa. Hakupata kitu. Akakimbia hadi ncha ya pili, kule mwisho wa ukuta, akaingiza pua, akalamba, akatoa. Hakupata kitu. Akarudi katikati, ambako wenzake walikuwa wamebanana bega kwa bega wanakula mpaka masikio yamelowa uji. Akasukuma kwa bega, hakuna nafasi. Akasukuma kwa pua chini ya tumbo la mwenzake, akapigwa teke. Akarudi nyuma kidogo, na pale mbele ya uso wake palikuwa na safu ya mikia. Akaukamata mmoja akauma kwa nguvu. Mwenye mkia akapiga yowe akachomoka, pengo likabaki, Askari akaingia kwenye pengo akala.

Alikuwa anabisha hodi!

Hakuwa na hasira wala hamu ya nyama. Alikuwa na njaa, akagundua njia ya kufungua mlango, na wengine waliokosa nafasi walikuwa wanaanza kujifunza kwake. Hata yeye mwenyewe hakumaliza kula, maana yule wa nyuma yake alimfanyia vile vile.

Lakini mbona kwenye ncha hakukuwa na kitu, na sisi tulimwaga uji kihori kizima? Nilimwita Sospeter tukakisafisha kihori kikawa kikavu, nikamwaga ndoo ya maji safi upande wa mlango. Tukatazama. Maji yote yalikimbilia katikati, yakatulia pale. Ncha zote mbili zikabaki na unyevu tu. Mlo wa pili tukawapa pumba kavu badala ya uji, kujaribu. Pumba kavu inakaa pale unapoimwaga. Walikwaruzana kidogo kwa sababu ncha zile nyembamba ziliingiza pua moja moja tu, lakini hakuna aliyetoka na damu. Sospeter alikaa chini pale pale kwenye pumba, akashika kichwa.

"Kwa hiyo si dagaa," akasema.

"Si dagaa. Ni uji kutembea."

Mngedhani angeruka kwa furaha. Hakuruka. Alikitazama kile kihori muda mrefu, akasema kwa sauti ya chini, "Mama Koku, usimwambie."

Hapa lazima niwaeleze kihori chenyewe. Kilikuwa mtumbwi. Marehemu Baba Kulwa alikuwa mvuvi. Alipofariki, kwa maradhi, watu walitaka kuununua mtumbwi wake, Mama Kulwa akakataa. Aliuleta kwa lori hadi Buswelu, watu wakishangaa mtumbwi unapanda mlima. Fundi akapunguza mbavu zake mpaka ukawa wa kina kifupi, unaomfaa mtoto wa nguruwe kula, akaziba nyufa, akautegemeza kwa mawe kando ya ukuta. Namba yake ya mwaloni, kule mitumbwi inakotia nanga, bado ilisomeka nusu ubavuni. Kulwa na Doto, mapacha wao, walisomeshwa kwa samaki wa mtumbwi ule. Mama Kulwa alikuwa akiingia bandani asubuhi anaupigapiga kwa kiganja, kama mtu anavyomgusa ng'ombe wake anayempenda. Kwa macho ulikuwa kihori kirefu kuliko vyote pale shambani. Hakuna aliyewahi kufikiri kwamba mtumbwi chini umepinda, ncha ziko juu na tumbo liko chini, na kwamba wembamba wa ncha ni kwa ajili ya kukata maji, haukuwekwa kwa ajili ya pua. Watoto walipokuwa wachache na chakula kikiwa kikavu, haikujulikana. Na wale wakubwa wa chumba cha pili walikuwa na kihori chao kilichonyooka.

"Kwa nini nisimwambie?" nikamuuliza Sospeter. "Unafukuzwa kwa kosa la ubao!"

"Mimi kazi nitapata nyingine," akasema. "Yeye mume mwingine hapati."

Nimekaa na sentensi hiyo miaka yote hii. Siku ile iliniudhi. Nilimwambia mkeo atajifungulia wapi, kwenye huruma yako? Akasema tungeweza kurudi kwenye pumba kavu bila kusema sababu. Nikamwambia chumba kimejaa, watoto wanaongezeka, zile ncha haziongezeki, na mwezi ujao wataumana kwa pumba kavu vile vile, na safari hiyo hatakuwepo Sospeter wa kulaumiwa, nitakuwepo mimi. Akasema basi tujaze saruji tumboni pawe sawa. Nikamwambia saruji itainua chini, haitapanua ncha. Tulizozana mpaka chungu kikaungua.

Mwishowe nilifanya hivi. Sikumwambia Mama Kulwa lolote. Jumamosi mchana nilimfuata nyumbani kwake nikamwomba aje bandani wakati wa kula.

"Kuna nini?"

"Njoo uone Askari kabla hujamchinja. Nakuomba."

Alikuja, hakuwa na furaha. Nilimsimamisha pale pale niliposimama mimi, nikamwambia maneno ya Daktari Neema: mwangalie mmoja tu, usimwangalie mwingine. Sospeter alikuwa ameshafungasha, mfuko wake uko nje ya mlango, lakini aliingia na ndoo kama kawaida akamwaga uji. Hakunitazama.

Askari akaenda ncha ya mlango. Akalamba, akatoa pua. Akaenda ncha ya ukuta. Akalamba, akatoa pua. Mama Kulwa alikuwa amekunja mikono. Askari akarudi katikati, akasukuma, akapigwa teke. Akarudi nyuma, akauma. Yowe, pengo, akaingia.

"Umeona?" Mama Kulwa akasema. "Si nilisema ni yeye?"

Nikamwambia mwangalie tena toka mwanzo. Sospeter akaongeza uji, safari hii akaumwaga wote kwenye ncha ya mlango, polepole, miguuni kwa Mama Kulwa kabisa. Uji ukateleza kwenye mbao, ukaenda. Mama Kulwa akaufuata kwa macho. Nikaona mikono yake inakunjuka.

"Mayu," akasema kwa Kisukuma, mama yangu.

Watoto walikuwa wanapiga kelele kama soko.

"Hapo ndipo nilipokuwa nakaa," akasema. Alinyoosha kidole kwenye tumbo la mtumbwi, pale walipobanana. "Alipokuwa ananivusha kwenda kwetu, nikiwa bado bi harusi. Mtumbwi ulikuwa unavuja. Maji yote yalikuwa yanakuja hapa, ananiambia kaa hapo na kopo, mke wangu, mimi nipige kasia wewe umwage. Nilikuwa nafika kwetu nguo zimelowa hadi kiunoni." Akacheka kidogo, kisha uso ukabadilika. "Mimi najua maji ya mtumbwi huu yanakaa wapi. Mimi ndiye niliyekuwa nayajua."

Alitoka nje. Nilifikiri tumemvunja moyo, nikaanza kujuta. Sospeter alinitazama kwa jicho la "nilikuambia", akachukua mfuko wake.

Mkitaka kujua mwisho wa watoto, wiki zilizofuata tulijenga vihori vya mbao vilivyonyooka, kuta mbili, kila mtoto na nafasi yake ya bega. Supu ya dagaa ikarudi. Mikia iliyokuwa na majeraha ikapona, iliyokuwa mizima ikakua mizima. Askari alikua dume kubwa lenye upole wa kushangaza, na wafugaji wa Sengerema walivuka maji pale Kigongo kuja kumwona. Kwa hiyo mkinipigia simu mara nyingine, msiniulize dawa. Niambieni mmemfuata yupi, ameanzia wapi, na amekosa nini kabla hajauma. Hata mkikosea jibu, nitajua mmetazama, na tutaanzia hapo.

Lakini ile Jumamosi hatukujua lolote kati ya hayo. Sospeter alikuwa ameshafika kwenye geti Mama Kulwa alipotoka stoo. Alikuwa na msumeno mkononi.

"Sospeter. Weka huo mfuko chini, uje ushike upande wa pili."

Alirudi, akasimama kando ya mtumbwi, akaushika, hakujua afanye nini na mikono yake. "Mama, si lazima tuukate. Tunaweza kuutoa mzima, tukaurudisha ziwani. Kuna watu wanaweza kuutumia."

"Umeoza chini, hautaelea." Machozi yalikuwa yanamtoka Mama Kulwa na hakuyafuta. Alipitisha kiganja juu ya mbao mara moja, kisha akaweka meno ya msumeno pale tumboni, pale alipokuwa akikaa na kopo lake. Watoto walikuwa wamemzunguka miguuni, wanasukumana, wanataka kujua ni nini kinafanyika, na Askari alikuwa mbele ya wote.

"Shika vizuri, Sospeter," akasema. "Hawa hawaendi kuvua. Wanataka kula."